Daraja lipo, foleni ya Feri haijaisha: uchambuzi wa kisa cha Kigamboni

Tarehe 19 Aprili 2016 Rais John Magufuli alizindua daraja linalounganisha Kurasini na Kigamboni jijini Dar es Salaam, akalipa jina la Mwalimu Nyerere. Lina urefu wa mita 680, njia sita za magari, na pembeni njia za waenda kwa miguu na baiskeli. Ujenzi ulianza mwaka 2012, enzi za Rais Jakaya Kikwete, ukafanywa kwa ubia na kampuni mbili za China, na gharama yake ilikuwa kama dola milioni 136. Asilimia 60 ya fedha hizo ilitoka Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii, NSSF, na asilimia 40 serikalini.

Siku zile ilisemwa sana mitaani kwamba pantoni ya Magogoni, ile inayovusha watu na magari kati ya Feri ya mjini na Feri ya Kigamboni, sasa inakwenda kupumzika. Haikupumzika. Nenda Kigamboni Feri siku ya kazi, jua likiwa ndiyo kwanza linachomoza. Geti limefungwa, nyuma yake watu wamebanana na mabegi, ndoo na baiskeli, na likifunguliwa kila mtu anakaza mwendo kuuwahi mlango wa pantoni. Wapo waliohamia Kigamboni kwa sababu ya daraja, lakini kila asubuhi wanapanda pantoni.

Hilo ndilo jambo ninalotaka kulichambua. Jibu langu ni kwamba daraja lilijengwa pale ambapo bandari iliruhusu, na malipo yake yakapangwa kwa kuhesabu magari. Mtu wa miguu, ambaye ndiye anayeijaza Feri kila siku, swali lake halikujibiwa. Nayasema haya nikiwa sina ubishi hata kidogo juu ya thamani ya daraja lenyewe.

Kwa nini Kurasini na si Magogoni

Simama soko la samaki la Feri, utazame ng'ambo. Kigamboni iko karibu kiasi kwamba unaona rangi za nguo za watu waliosimama kule. Mtu yeyote angesema daraja lijengwe hapo hapo. Ila subiri kidogo, utaona pantoni imetulia pembeni bila kuondoka na watu wamejaa ndani, kisha meli ya makontena inapita mbele yao taratibu, ndefu kuliko uwanja wa mpira. Mlango huo mwembamba ndiyo njia pekee ya meli kuingia Bandari ya Dar es Salaam. Shehena inayokwenda Kongo, Zambia, Rwanda na Burundi inapita pale, na mafuta pia.

Kwa hiyo daraja la Magogoni lingelazimika kuwa refu kwenda juu, meli zipite chini yake. Wenzetu wa Maputo, Msumbiji, walikuwa na tatizo la aina hiyo hiyo: mji upande mmoja, Katembe upande wa pili, katikati njia ya meli za bandari. Wakaamua kuning'iniza daraja, likafunguliwa Novemba 2018. Sehemu yake iliyoning'inia kati ya nguzo kuu mbili peke yake ina mita 680, yaani sawasawa na daraja letu zima, na sakafu yake iko kama mita 60 juu ya maji. Gharama ya mradi ule ilifika kama dola milioni 785. Ukiweka namba hiyo pembeni ya dola milioni 136 za Kigamboni, utaelewa kwa nini Hazina yoyote ingefikiri mara mbili.

Na fedha si kikwazo pekee. Gari haliwezi kupanda mita 60 kwa ghafla. Tuseme mwinuko ni mita nne kwa kila mita mia. Barabara ya kupandia inahitaji kilomita moja na nusu kila upande. Chukua ramani uipime kutoka Feri kuelekea mjini. Barabara hiyo ya juu itapita mbele ya kanisa la Azania Front, itaifuata Sokoine, itavuka Stesheni na kuukaribia Mnara wa Saa ndipo magurudumu yaguse ardhi. Ikulu iko jirani kabisa na Feri, na sidhani kama kuna nchi ingependa malori yapite juu ya uzio wa Rais wake. Upande wa Kigamboni nao, nyumba za Feri na Tungi zingeondoka kwa mamia.

Ukisogea ndani hadi Kurasini, mambo yanabadilika. Magati makubwa umeyaacha nyuma, meli za bahari kuu hazina shughuli huko, mkono wa bahari ni mwembamba, na daraja linaweza kukaa chini. Kama ningekuwa mhandisi wa mradi na nimepewa kazi ya kuvusha magari kwa bei inayobebeka, nami ningechagua hapo. Uamuzi ule ulikuwa sahihi kwa swali lililoulizwa.

Aliyepata na aliyekosa

Aliyepata ni mwenye gari, na alipata kweli. Kabla ya 2016 alikuwa na njia mbili: kukaa kwenye foleni ya pantoni, au kuzunguka Kibada, Kongowe, Mbagala na kuingia mjini kwa Barabara ya Kilwa. Malori ya mafuta yanayotoka kwenye maghala ya Kigamboni nayo yalikuwa yanazunguka huko huko. Gari la wagonjwa usiku wa manane lilikuwa linaomba pantoni iwe upande wake. Leo gari linatoka Kibada, linavuka, linaibukia Kurasini, na kutoka hapo Barabara ya Mandela inakupeleka hadi Ubungo bila kupita katikati ya mji. Viwanja vya Kibada na Vijibweni vilipanda bei, nyumba zikaota, na Kigamboni ikawa wilaya inayojitegemea badala ya kuwa pembe ya Temeke. Hakuna mtu mwenye akili timamu atakayetaka kurudi nyuma.

Sasa mfikirie mama anayekaanga samaki pale Tungi. Samaki anawanunua mnadani Feri, upande wa mjini, alfajiri, kabla ya bei kupanda. Anatembea hadi kivukoni, analipa shilingi 200, anavuka kwa dakika chache, na akishuka tu mnada uko pembeni yake. Ananunua, anajaza ndoo, anavuka tena na kuwasha jiko. Mwambie huyu kuna daraja. Kwanza litamtoa nyumbani kwenda kusini kilomita kadhaa hadi Vijibweni, kwa daladala au bodaboda. Avuke hadi Kurasini. Kutoka Kurasini apande gari lingine linaloelekea Bendera Tatu na Posta, alipe tena, ashuke, kisha atembee hadi Feri. Akirudi, afanye hivyo hivyo na ndoo ya samaki inayochuruzika maji ndani ya daladala iliyojaa watu wa ofisini. Kwake daraja ni safari ndefu zaidi, nauli kubwa zaidi, na konda wa kugombana naye.

Tena si yeye tu. Kuna walinzi, mafundi, wasaidizi wa nyumbani, wanafunzi wa vyuo, makarani, watu ambao kazi zao ziko Posta, Kivukoni na Kariakoo. Njia ya waenda kwa miguu iliyopo darajani hawalipii hata senti, jambo jema, lakini inaanzia wasikokaa na kuishia wasikokwenda.

Tozo

Tozo ya magari ilianza Mei 2016, mwezi mmoja baada ya uzinduzi. Pikipiki ilikuwa shilingi 600 kwa kuvuka mara moja, gari dogo 1,500, na magari makubwa yakaenda juu zaidi kulingana na uzito na idadi ya viti. Mwenye gari dogo anayekwenda kazini siku 26 za mwezi, kwenda na kurudi, alikuwa anatoa shilingi 78,000. Mwenye pikipiki 31,200. Mtu wa pantoni, kwa nauli ya shilingi 200 iliyoanza mwaka 2012, anatumia 10,400. Na bodaboda hailipi tozo kutoka mfukoni mwake. Inaipeleka kwa abiria, siku nyingine na nyongeza juu.

Upande wa NSSF una hoja, na mara nyingi tukiwa na hasira hatuusikilizi. Fedha zilizojenga daraja zilikuwa makato ya wafanyakazi. Zilikuwa za mwalimu wa Tabora na mlinzi wa Mwanza, ambao pengine hawatavuka Kurasini maisha yao yote, lakini siku wakistaafu wanataka mafao yao kamili. Mfuko wa hifadhi ya jamii hauna ruhusa ya kugawa sadaka. Ukiweka fedha kwenye daraja, lazima zirudi na faida yake.

Tatizo ni kwamba mji ni mmoja. Februari 2022 Daraja la Tanzanite lilifunguliwa kwa magari, kutoka eneo la Coco Beach hadi Hospitali ya Aga Khan, urefu wa kilomita 1.03 juu ya bahari, kwa mkopo wa serikali kutoka Korea Kusini. Hilo halina tozo. Mwenye gari wa Masaki na Oysterbay anapita bure kwenda mjini, mwenye bajaji wa Kigamboni analipa. Kihasibu maelezo yapo: lile ni mkopo wa serikali unaolipwa na walipa kodi wote, hili ni uwekezaji wa mfuko. Lakini mkopo ule unalipwa pia na kodi ya mtu wa Kigamboni, na hapo ndipo maelezo ya kihasibu yanapokwama kooni. Aliyekuwa mbunge wa Kigamboni, hayati Dk. Faustine Ndugulile, alilisemea suala hili bungeni kwa miaka, na hakuwa anatafuta makofi. Mwaka 2022 viwango vikapunguzwa na malipo ya vifurushi yakaingizwa, jambo lililowapa nafuu wanaovuka kila siku.

Nafuu ni nafuu, lakini kuna swali kubwa kuliko kiwango, nalo ni mwisho. Hong Kong ina mahandaki matatu ya barabara chini ya bandari yake. La kwanza lilifunguliwa 1972, la pili 1989, la tatu 1997. Kila moja lilijengwa na kampuni binafsi kwa mkataba wa miaka 30 ulioanza kuhesabiwa kabla ya ufunguzi, na muda ukiisha linarudi mikononi mwa serikali: la kwanza 1999, la pili 2016, la tatu 2023. Yule mwenye gari wa Hong Kong alikuwa anaijua tarehe. Kulikuwa na kasoro pia, maana handaki la kwanza lilikuwa na tozo ndogo likafurika magari, na la tatu lilikuwa ghali likawa na nafasi. Serikali ilipolipokea la tatu, Agosti 2023, ikapanga upya bei za yote matatu kwa pamoja, kwa sababu ilikuwa imeona kwamba bei ya kivuko kimoja ndiyo inayopanga foleni ya kivuko kingine.

Somo hilo linaihusu Dar es Salaam moja kwa moja. Pantoni na daraja ni mlango mmoja wenye vizingiti viwili. Ukipandisha kimoja, watu wanahamia cha pili. Lakini pantoni inaendeshwa na TEMESA, wakala wa serikali wa ufundi na umeme, daraja ni la NSSF, na nauli za daladala zinapangwa na LATRA, mamlaka ya udhibiti wa usafiri wa ardhini. Sijaona hesabu moja ya wazi inayowaweka wote hao mezani na kuuliza: mtu mmoja kutoka Kigamboni kwenda mjini na kurudi, anatakiwa atumie kiasi gani na muda gani?

Pantoni iliyoachiwa mzigo

Tuiangalie pantoni yenyewe. Tatu zinazojulikana pale ni MV Magogoni, yenye uwezo wa abiria 2,000 na magari 60, na MV Kigamboni pamoja na MV Kazi, kila moja abiria 800 na magari 22. Jumlisha: abiria 3,600 zote tatu zikiwa majini. Ondoa MV Magogoni, unabaki na 1,600, chini ya nusu. Mwaka 2023 ikaondoka kweli, ikapelekwa Mombasa kwa matengenezo makubwa, na ikakaa huko kuliko ilivyotarajiwa. Waliokuwa wanavuka kipindi hicho hawahitaji kuelezwa maana yake. Boti ndogo za kampuni binafsi zilipoanza kusaidia kubeba abiria, watu walizipokea kwa mikono miwili.

Hapa ndipo ninapoona kosa la kimipango lililo kubwa kuliko yote katika kisa hiki. Baada ya daraja, pantoni ilianza kuchukuliwa kama kitu cha mpito. Kitu cha mpito hakinunuliwi vipuri mapema, hakijengewi kingo mpya, hakipewi ratiba inayoheshimika. Ukweli ni kwamba mlango wa bandari hautahama, kwa hiyo hata kivuko hakitahama.

Na usalama si jambo la kuahirisha. Pwani yetu inaukumbuka mwaka 1994, kivuko cha Mtongwe kule Mombasa kilipozama na watu 272 kupoteza maisha hatua chache kutoka nchi kavu. Nasi Septemba 2018 tulizika zaidi ya watu 220 wa kivuko cha MV Nyerere, kisiwani Ukara, Ziwa Victoria. Vyombo vyote viwili vilikuwa vimebeba watu kupita uwezo. Mtu akikwambia foleni ya Feri ni usumbufu tu, mwambie foleni ndefu ndiyo inayomshawishi mlinzi wa geti kuruhusu watu hamsini zaidi.

Vipi kuhusu handaki?

Swali hili huulizwa kila mara, na nadhani huwa linajibiwa haraka mno, kwa sababu msikilizaji anafikiria handaki la magari. Handaki la magari chini ya mlango wa bandari ni gharama kubwa kwelikweli. Njia ya meli imechimbwa kufikia kina cha kama mita 15, barabara ingekaa kama mita 10 zaidi chini ya hapo, na bado inahitaji barabara ndefu za kushukia pande zote mbili, mitambo ya kusafisha hewa na pampu zisizozimika.

Lakini yapo mahandaki ya watu wa miguu. London, mwaka 1902, walifungua handaki la Greenwich chini ya mto Thames, mita 370 hivi, kwa ajili ya vibarua waliokuwa wakiishi kusini na kufanya kazi kwenye magati ya kaskazini. Kabla yake walikuwa wanategemea kivuko cha kulipia ambacho hakikuaminika. Antwerp ikafanya kama hivyo mwaka 1933, mita 572 chini ya mto Scheldt, na watu wanatembea na kuendesha baiskeli humo mpaka leo. Miji yote miwili ni ya bandari, meli zinapita juu. Faida kubwa ya handaki la namna hii ni kwamba halihitaji kilomita moja na nusu ya kupandia. Linahitaji kisima kimoja kila upande, chenye ngazi na lifti, na kinaenea kwenye kiwanja cha kawaida.

Je, naishauri Dar es Salaam ichimbe kesho? Hapana. Kushuka mita 25 na kupanda tena ni sawa na jengo la ghorofa nane, kwa hiyo lifti si mapambo, na lifti inataka umeme usiokatika. Mama wa Tungi na ndoo yake hawezi kuambiwa apande ngazi siku umeme ukiwa na hitilafu. Kuna usalama wa usiku, kuna maji yanayopenya, kuna nani atalifagia. Ninachotaka ni upembuzi wa kina unaohesabu watu badala ya magari, uwekwe pembeni ya gharama ya kununua na kutunza pantoni kwa miaka 50. Inawezekana pantoni ikashinda, na ikishinda, basi ipewe bajeti ya mshindi.

Kwa sasa yapo mambo yaliyo karibu zaidi. Boti ndogo nyingi zinazoondoka kila baada ya dakika chache ni bora kuliko chombo kimoja kikubwa ambacho kikiumwa mji wote unaumwa. Gati la pili la abiria upande wa Kigamboni, mbali kidogo na magari, lingepunguza msongamano wa getini. NSSF itangaze hadharani kila mwaka: kiasi kilichorudi, kiasi kilichobaki, na tarehe ya mwisho wa tozo. Halafu tozo ya daladala darajani ifutwe kabisa. London walipofungua handaki la Silvertown Aprili 2025, walianza kutoza magari humo na katika handaki la jirani la Blackwall, ambalo lilikuwa bure kwa miaka nenda rudi. Siku hiyo hiyo wakawaruhusu abiria wa mabasi yanayovuka hapo kusafiri bure kwa mwaka mmoja. Sisi basi lenye watu thelathini tumeliweka kwenye orodha ya viwango pamoja na malori, na konda analijua hilo anapopanga nauli ya jioni.